Mbuzi wangu Toggenburg wa Ruai anatoa kikombe cha maziwa: ni joto, ni chakula, au niliuziwa rangi?

Mama_Plot_Ruai
Wanakijiji, salaam. Naomba msaada kabla sijamuuza huyu mnyama.

Mwaka jana nilinunua mbuzi jike wa maziwa kwa Sh35,000, usafiri juu yangu. Nikaambiwa ni Toggenburg safi, mbuzi wa milima ya Uswisi, akizaa nitakuwa nakamua lita nne kwa siku. Amezaa, uzao wake wa kwanza, mtoto mmoja dume. Asubuhi napata kikombe, jioni kikombe kasoro. Nikimimina vyote kwenye chupa ya lita moja haijai.

Nimempigia muuzaji. Hamlaumu mbuzi, anailaumu Ruai. Eti huyu ni mnyama wa mlima, anataka baridi na ukungu, na huku kwetu ni jua na vumbi, ndiyo maana amekauka. Ananishauri nimpeleke Limuru kwa ndugu zangu. Sina ndugu Limuru.

Anakula nyasi za nepia za kununua, majani ya sukuma, maganda ya viazi, na chakula cha gunia cha ng'ombe wa maziwa ninapomkamua. Madini ya kulamba anayo. Maji ni ya kisima. Rangi yake ni ya chai ya maziwa, ana mistari miwili myeupe usoni, miguu myeupe kuanzia goti kushuka, masikio yamesimama. Hana pembe.

Kuna mtu amefuga hawa hapa Nairobi akaziona hizo lita nne kwa macho yake?

Sir_Mutura
Nimevuta kiti. Endeleeni.

Mwl_Jiografia
Tuanze na hii ya baridi, kwa sababu muuzaji anakuchezea na ramani. Toggenburg ni bonde mashariki mwa Uswisi, jimbo la St. Gallen, mto Thur unapita humo, safu ya Churfirsten upande mmoja na mlima Säntis upande wa pili. Säntis una mita 2,502, lakini hakuna anayefuga mbuzi kileleni. Kijiji cha Wildhaus, juu kabisa ya bonde hilo, kiko kwenye mita 1,090 hivi. Nairobi mjini tumepita mita 1,600. Ruai mko chini kidogo ya hapo na bado mnawatazama Waswisi wa Wildhaus kwa chini. Kama hoja ni mlima, mbuzi wako amepandishwa cheo.

Karatina_Original
Mwalimu, mita si baridi. Wildhaus wanapata theluji, Ruai mnapata Februari. Mbuzi hasomi ramani, anasikia jua mgongoni. GTZ, lile shirika la misaada la Ujerumani, walipoleta mbuzi hawa Nyeri miaka ya 90 hawakuchagua Nyeri kwa bahati nasibu, walitafuta baridi. Jirani yangu Karatina anakamua lita tatu bila kelele. Mama, muuzaji wako anaweza kuwa mwongo kwa mengine, kwa hili la joto ana hoja.

Mzee_Chogoria
Karatina, hapo umechanganya mafaili. GTZ waliwaletea Nyeri German Alpine, na DGAK, chama cha wafugaji wa mbuzi wa maziwa, kikakulia mgongoni mwa hao Alpine. Toggenburg waliletwa na shirika la FARM-Africa kutoka Uingereza, wakaja Meru na kwetu Tharaka Nithi. Nazungumza kwa kuwa nilikuwa kwenye kikundi.

Mambo yalikwenda hivi. Beberu safi aliwekwa kwa mwanakikundi mmoja, sisi wengine tukawa tunampelekea mbuzi wetu wa kienyeji kwa ada ndogo. Muda ukifika beberu anahamishiwa kikundi kingine ili asiwapande binti zake. Mtoto wa kwanza ni nusu Toggenburg. Binti huyo akipandwa na Toggenburg mwingine, mtoto ni asilimia 75, anayefuata 87.5, kisha 93.75. Miaka inapita hapo, na kila hatua kuna karatasi na namba ya sikioni.

Sasa, mama, huyo wako ni hatua ya ngapi? Akifika robo tatu, wengi wao tayari wana mistari usoni na soksi nyeupe. Dalali akiwapanga kwenye pikapu moja, robo tatu na wa karatasi, hutawatofautisha kwa macho. Lakini kiwele kitawatofautisha. Na hilo la joto, watu wa Tharaka ya chini wanafuga machotara haya kwenye jua ambalo Ruai hamjawahi kuliona.

Karatina_Original
Babu, nilisema "mbuzi hawa", sikusema Toggenburg. Alpine, Toggenburg, Saanen, wote ni ukoo wa milima ile ile. Joto liko palepale.

Mzee_Chogoria
Haya, wakili.

Vet_wa_Bodaboda
Kabla hamjafika Bungeni na mambo ya mlima, niulize yale tunayouliza zizini. Mama, amezaa lini? Mtoto analala wapi? Na umewahi kumvuta kope ya chini ukaangalia rangi?

Nauliza la kwanza kwa sababu maziwa ya mbuzi hupanda hadi kilele kati ya wiki ya nne na ya nane baada ya kuzaa, halafu yanashuka polepole. Tena huyu ni wa uzao wa kwanza. Uzao wa pili na wa tatu huwa bora. Kwa hiyo "lita nne" inategemea unamuuliza mbuzi swali hilo mwezi gani.

Mama_Plot_Ruai
@Vet amezaa miezi mitano iliyopita. Mtoto analala chumba cha pili, nimeweka ukuta wa mbao katikati. Kope sijaangalia.

@Mzee karatasi sikupewa. Niliambiwa itatumwa kwa simu. Ana herini ya manjano sikioni lakini namba imefutika.

Sir_Mutura
Namba imefutika, karatasi iko njiani kwa simu. Nairobi nakupenda bure.

Wambo_wa_Kinoo
Ukuta wa mbao una mianya ya ukubwa gani? Mimi nilikuwa na mtoto aliyejifunza kuingiza mdomo kwenye mwanya, na mama yake alikuwa anajisogeza mwenyewe hadi ukutani, anageuza kiwele upande ule, anasimama kimya. Ukifika saa kumi na mbili asubuhi na ndoo yako unakuta mfuko mtupu na mtoto ana povu mdomoni. Piga misumari mabati.

Abdi_Section3
Haya yote yasingetokea mngefuga Galla. Mweupe, ngozi nyeusi, anatembea, anakula miiba, anakaa na kiu na bado mtoto anashiba. Huyo wa Uswisi anataka banda, anataka jiwe la kulamba, anataka daktari. Mbuzi au mgeni wa hoteli?

Karatina_Original
@Abdi Galla unamkamua lita ngapi, weka hapa tuone.

Abdi_Section3
Anatosha chai. Sikuahidiwa lita nne na mtu.

Vet_wa_Bodaboda
@Mama_Plot_Ruai umesema mtoto ni dume na ana miezi mitano. Je, mchana wanazurura pamoja?

Mama_Plot_Ruai
Ndiyo, mchana nawafungulia kwenye plot wote wawili. Kwa nini?

Vet_wa_Bodaboda
Kwa sababu mtoto dume wa mbuzi wa maziwa anaweza kupandisha akiwa na miezi minne, wengine hata kabla. Hajui kwamba huyo ni mama yake. Inawezekana kabisa mbuzi wako ana mimba, na mimba ikikua maziwa hupungua. Watenganishe leo, mchana na usiku.

Sir_Mutura
Uzi umegeuka tamthilia ya saa mbili usiku.

MpwaniSouthB
Jamani! Na mimi nilikuja kutafuta mapishi ya maziwa tu.

Mwl_Jiografia
Lakini subirini, hilo la mimba lina utata. Toggenburg ni mbuzi wa latitudo 47 kaskazini. Kule jike hutaka dume siku zinapoanza kufupika, yaani vuli, ili azae majira ya kuchipua nyasi zikiwepo. Huku kwetu ikweta mchana na usiku ni sawa mwaka mzima. Je, mwili wake unajua ni lini?

Vet_wa_Bodaboda
Ndiyo shida yenyewe, mwalimu. Bila hiyo saa ya mwanga wanazunguka mwaka mzima, kila siku 21 hivi. Kule Ulaya dume angekaa na mama yake miezi ya kiangazi bila tukio. Hapa hakuna msimu wa kumzuia. Na wengine hawaonyeshi dalili waziwazi, unaona mkia unatikisika nusu siku tu, kisha kimya. Kuna wafugaji humpangusa beberu kichwani kwa kitambaa, wanakifungia kwenye kopo, halafu wanamfungulia jike puani. Akianza kupiga kelele na kutikisa mkia, unajua leo ndiyo siku.

Sir_Mutura
Kopo la harufu ya beberu. Mke wangu akilifungua akidhani ni la mafuta ya kupikia, nitahamia Ruai nami.

Njugu_Karanga
Mimi naona mnamzunguka mnyama na hamumwangalii. Leta picha mama. Umesema rangi ya chai ya maziwa. Toggenburg ninaowajua mimi wa Meru ni kahawia iliyokolea, wengine karibu na chokoleti. Hiyo yako imepauka. Nusu kienyeji huyo.

Mama_Plot_Ruai
Picha nimeweka, ya jana jioni na nyingine ya siku aliyofika. Kweli alipofika alikuwa ameiva zaidi.

Wambo_wa_Kinoo
Ukiangalia picha mbili hizo hadithi inabadilika. Huyo amepauka akiwa kwako. Mgongoni manyoya yamekuwa mekundu-mekundu ya kutu, na ncha ya mkia imebaki nyuzi chache. Hiyo mimi naiona kama upungufu wa shaba. Mama, hayo madini ya kulamba ni ya mnyama gani? Soma pakiti.

Mama_Plot_Ruai
Pakiti ina picha ya kondoo.

Wambo_wa_Kinoo
Basi. Kondoo hudhurika upesi na shaba, kwa hiyo madini yake hutengenezwa bila shaba au yenye kidogo mno. Mbuzi anahitaji zaidi. Maduka ya agroveti wanakuuzia "ya mbuzi na kondoo" kana kwamba ni mnyama mmoja. Badilisha, lakini usiende kununua shaba ya kumwaga kwenye maji, ikizidi inaua ini.

Njugu_Karanga
Shaba inapausha rangi, sawa. Haiondoi asilimia. Toggenburg pia wanabeba hudhurungi hafifu tangu kwao, nakubali, lakini pembetatu nyeupe kando ya mkia sizioni kwenye picha. Na sikio la Toggenburg ni jeupe lenye doa jeusi katikati. La huyu limechafuka lote.

Mzee_Chogoria
Doa liko. Kuza picha ya kwanza, sikio la kushoto. Pembetatu mkia umezifunika.

Njugu_Karanga
Babu macho yako ni ya imani.

Dobi_Kayole
Na maji? Visima vingi vya upande huu wa mashariki vina chumvi. Kwangu hata sabuni haitoi povu. Maziwa ni maji zaidi ya asilimia 85. Mbuzi akikataa maji, hayo maziwa yatoke wapi? Mpe ya mgao siku tatu uone, ndoo mbili pembeni, ya kisima na ya bomba, uangalie anaenda wapi.

Mwl_Jiografia
Visima vya Nairobi vinajulikana pia kwa floraidi nyingi. Labda ndiyo.

Vet_wa_Bodaboda
Floraidi inaharibu meno na mifupa kwa miaka, haikaushi kiwele kwa miezi mitano. Lakini hoja ya chumvi na kunywa kidogo siikatai. Jaribio la ndoo mbili halina gharama, lifanywe.

Na nepia, mama, unainunua wapi? Kama ni ile ya mkokoteni inayokatwa kando ya maji taka huko kwenu, nitakuomba ile kope leo hii.

Mama_Plot_Ruai
Ya mkokoteni ndiyo. Sijauliza inakatwa wapi.

Kope nimeangalia. Si nyekundu. Ni waridi hafifu, karibu nyeupe upande wa ndani.

Vet_wa_Bodaboda
Hapo sasa. Kuna kadi ya FAMACHA, ilitoka Afrika Kusini, ina rangi tano kutoka nyekundu hadi nyeupe ya karatasi. Wewe unanieleza ya nne. Kuna minyoo inayoitwa Haemonchus, inakaa tumboni inanyonya damu. Majani mabichi yaliyokatwa karibu na ardhi asubuhi yakiwa na umande ndiyo gari lake. Mnyama asiye na damu hatengenezi maziwa, awe wa Uswisi au wa Garissa. Mpeleke kinyesi kipimwe kwanza, usinunue dawa kwa jina alilokwambia jirani. Dawa zilezile kila mara ndizo zimefanya minyoo kuwa sugu.

Karatina_Original
Na ukimpa nepia umpe imekaa, imenyauka. Tena mbuzi hakuumbwa kula nepia. Kule milimani anachagua machipukizi ya vichaka, jani hapa, ganda la mti pale. Mpe kaliandra, majani ya viazi vitamu, majani ya mforosadi. Mtundikie juu kimo cha kichwa. Kilichoanguka chini mbuzi mwenye heshima hakigusi.

Abdi_Section3
"Mbuzi mwenye heshima." Mimi nimeshinda mjadala huu bila kufanya lolote.

Dada_Rongai
Samahani kuingilia, nina swali la pembe. Mama amesema wake hana pembe. Mimi nilinunua jike na beberu wote vipara, nikaona nimepata bahati, hakuna kupigana. Mtoto aliyezaliwa juzi ana umbile la jike lakini hapo chini kuna kitu kama njegere kinachochomoza, na anakojoa kwa namna ya ajabu. Fundi wa mifugo ameniambia ni laana ya plot.

Vet_wa_Bodaboda
Si laana, ni jeni. Kwa mbuzi hawa wa Ulaya kukosa pembe kunasafiri pamoja na tatizo la jinsia. Watafiti wa Ufaransa walilionyesha mwaka 2001, kuna kipande cha DNA kinakosekana, na kipande hichohicho ndicho kinachoondoa pembe. Mtoto jike akirithi kutoka pande zote mbili anakuwa huntha, hazai, wengine wanaota ndevu na kunuka kama beberu. Akirithi upande mmoja tu, ni kipara mzima asiye na shida. Kwa hiyo kanuni ya wafugaji ni moja: mmoja wa wazazi awe na pembe.

Dada_Rongai
Kwa hiyo soko linalolipia zaidi vipara linalipia ugonjwa?

Wambo_wa_Kinoo
Kwa kiasi fulani, ndiyo. Mnunuzi anaogopa kudungwa, mfugaji anampa anachotaka. Angalieni pia kuna wanaochomwa vichipukizi vya pembe wakiwa wachanga. Huyo anaonekana kipara na si kipara. Mtoto akizaliwa pitisha kidole kichwani: mwenye pembe ana vizunguko viwili vya nywele, kimoja juu ya kila kichipukizi. Kipara wa kweli nywele zake zimelala. Mkubwa aliyechomwa ana kovu gumu.

Njugu_Karanga
Basi labda wa mama naye ni huntha nusu, ndiyo maana maziwa hayaji.

Vet_wa_Bodaboda
Amezaa, Njugu. Huntha hazai.

Njugu_Karanga
Nilikuwa naweka mezani tu.

MpwaniSouthB
Tukirudi jikoni: ni kweli maziwa ya mbuzi yananuka? Nilionja mara moja kwa rafiki, yalinikaa kooni hadi jioni. Halafu watu wanasema hayana laktosi, ndiyo maana yanafaa wenye matumbo.

Wambo_wa_Kinoo
Laktosi iko, imepungua kidogo tu kulinganisha na ya ng'ombe. Mtu ambaye tumbo lake linakataa laktosi litakataa na haya. Wengine huyaona mepesi kwa sababu chembe za mafuta ni ndogo. Na mtoto mchanga asilelewe kwa maziwa ya mbuzi peke yake, yana upungufu wa foleti.

Harufu ni vita nyingine. Mimi nasema ni kupoza. Ukikamua, ukachuja, ukaweka chombo kwenye maji baridi hapohapo, hakuna harufu. Ukiyaacha kwenye ndoo huku unamalizia kufagia banda, mafuta yanaanza kuvunjika na unapata ile ladha ya beberu.

Mzee_Chogoria
Mimi nasema ni beberu mwenyewe. Akikaa karibu na sehemu ya kukamulia, maziwa yanamkumbuka.

Karatina_Original
Na ukoo. Toggenburg wana jina la kuwa na ladha kali, Waswisi wenyewe wakiyapeleka kwenye jibini. Alpine wetu hawana shida hiyo.

Mzee_Chogoria
Nilijua utafika hapo.

Bafu_la_Kahawa
Yachemsheni vyovyote iwavyo. Kuna brusela ya mbuzi, homa inakuja inaondoka, viungo vinauma, unatibiwa malaria na taifodi kwa zamu. Jamaa yangu alizungushwa hivyo zahanati moja hadi nyingine kabla mtu hajamuuliza kama anafuga.

Pasta_Kev
Neno dogo la kando. Wildhaus aliyoitaja mwalimu ndiko alikozaliwa Ulrich Zwingli, 1484, mmoja wa viongozi wa Matengenezo ya Kanisa. Kwa hiyo bonde limetoa mbuzi na mwanateolojia.

Sir_Mutura
Si ndiye yule wa soseji?

Pasta_Kev
Ndiye. Zurich, 1522, watu walikula soseji wakati wa Kwaresima, yeye akawatetea hadharani. Yeye mwenyewe alikuwepo lakini hakuzila.

Sir_Mutura
Nimempata mtakatifu wangu. Natafuta ubatizo wake jioni hii pale soko la nyama la Burma.

Pasta_Kev
Hakuwa na habari za watakatifu, lakini nimekuelewa.

Jirani_Mnoko
Mnafuga mbuzi kwenye plot za Nairobi na hamuogopi kanjo, askari wa kaunti?

Karani_wa_Kaunti
Nairobi ina sheria ya kilimo cha mjini tangu 2015, inatambua ufugaji lakini inauweka chini ya masharti. Usiwaachie wazurure barabarani, na samadi usiielekeze kwa jirani. Anayekupeleka ofisini mara nyingi si kanjo, ni jirani mnoko.

Jirani_Mnoko
Nimepokea.

Mama_Plot_Ruai
Wanakijiji, nimerudi. Nimekaa kimya kwa sababu nilikuwa na kazi ya kufanya yote mliyosema.

Mtoto dume ametengwa kabisa, yuko upande wa pili wa nyumba, analia kama ambulensi. Daktari amekuja na mashine ya kuangalia tumbo, hajaona mimba, lakini amesema kama ni changa mno inaweza isionekane, atarudi. Kinyesi kimepimwa, minyoo ipo, dawa amepewa kwa uzito wake. Madini ya kondoo nimempa jirani mwenye kondoo. Ndoo mbili nimeweka, ya bomba inaisha, ya kisima anaichezea tu. Nepia nimepunguza, nimepata majani ya viazi vitamu kwa mama mmoja wa Kamulu. Na juu ya banda nimeongeza makuti chini ya bati, kwa ajili yako Karatina.

Maziwa sasa yanapita lita moja. Jana lita moja na robo. Nne sijaziona hata kwa ndoto.

Vet_wa_Bodaboda
Minyoo. Nilisema.

Dobi_Kayole
Maji bana! Ndoo imejieleza yenyewe.

Karatina_Original
Pointi ni za makuti. Joto likishuka mbuzi anakula.

Wambo_wa_Kinoo
Na mtoto hanyonyi tena kwenye mwanya wa mbao. Robo lita hiyo ilikuwa tumboni mwake.

Mwl_Jiografia
Mama, ulipaswa kubadilisha kitu kimoja kimoja. Sasa hatutajua kamwe.

Mama_Plot_Ruai
Mwalimu, mimi nilitaka maziwa, sikutaka kujua.

Njugu_Karanga
Lita moja na robo baada ya huduma zote hizo ndiyo lita ya robo tatu. Msimamo wangu ni uleule, muuzaji yule alikuuzia chotara kwa bei ya karatasi.

Mzee_Chogoria
Chotara si tusi, Njugu. Lita moja na robo mwezi wa sita, uzao wa kwanza, mnyama ametoka kwenye minyoo. Sioni aibu hapo. Mama, akipumzika mpandishe kwa beberu mwenye karatasi, binti atakayezaliwa utakuwa unajua alikotoka. Na awe mwenye pembe, tafadhali.

Mama_Plot_Ruai
Nitampata wapi huyo beberu, babu? Chogoria ni mbali.

Wambo_wa_Kinoo
Wangu yuko Kinoo, Toggenburg, ana pembe na karatasi zake ninazo mkononi, si kwa simu. Ada ni Sh1,000, akirudia kutaka dume baada ya siku 21 unarudi bure. Sharti langu ni daktari wako aandike kwamba minyoo imeisha na kikohozi hana. Sitaki homa ya mapafu ya mbuzi hapa kwangu. Na uje na chanjo yake imeandikwa.

Karatina_Original
Au Alpine, Karatina, ada Sh800.

Mama_Plot_Ruai
@Wambo nakutumia ujumbe. @Karatina asante, nitafikiria nikishindwa.

Kijana_Utawala
Habari za humu. Nimesoma uzi wote. Mimi nina Saanen, mweupe pe, na sasa masikio na kiwele vimekuwa vyekundu vinatoka magamba. Ni minyoo?

Vet_wa_Bodaboda
Jua. Ngozi ya waridi bila rangi inaungua, na ikiungua kila siku inaweza kugeuka saratani. Kivuli kuanzia saa nne hadi saa kumi. Fungua uzi wako, weka picha, nitakuja.

Karatina_Original
Si niliwaambia ni joto.